Kati ya Suti na Sare

Mwanamume anatoka nyumbani asubuhi amevaa suti. Mkewe anamwona akiondoka na moyo unamjaa, kwa kuwa anajua mumewe ni mtu mkubwa ofisini. Majirani nao wanajua, maana mke amehakikisha wamejua. Mume akifika kazini suti inavuliwa, sare ya bawabu inavaliwa, na kutwa nzima anasimama getini akiwafungulia magari watu ambao, kwa hesabu ya nyumbani kwake, yeye ndiye mkubwa wao. Jioni sare inavuliwa, suti inarudi mwilini, na bosi anarejea kwa mkewe kuulizwa habari za ofisi.

Kiini chote cha Papa Shirandula ni hicho. Unaweza kumsimulia abiria mwenzako ndani ya matatu ukamaliza kabla makanga hajakurudishia chenji. Charles Bukeko alikibuni, akakivaa mwilini mwake, na kuanzia mwaka 2007 Citizen TV ikakiingiza katika sebule za Wakenya wiki baada ya wiki. Yeye alifariki Nairobi tarehe 18 Julai 2020, akiwa na umri wa miaka 58. Ni miaka 13 ya suti moja na sare moja, na mtu katikati anayebadilisha mbio mbio asije akakutwa.

Mimi namkumbuka kwa wivu wa fundi mdogo kwa fundi mkubwa. Niliwahi kuandika mchezo wa vichekesho. Ulihusu mtu aliyetumiwa pesa kwa simu kimakosa, akazila, kisha mwenyewe akaja kuzidai. Niliupeleka kwa mtayarishaji mmoja, mtu mwenye miwani na subira. Aliusoma wote mbele yangu, akacheka mara mbili (nilihesabu), akaukunja. Kisha akaniuliza, "Na wiki ijayo?" Sikuwa na jibu. Mwenye pesa alishakuja, aliyezila alishapigwa, watu walishacheka. Wiki ijayo hakukuwa na kitu.

Nilirudi nyumbani nikiwa na swali hilo, na jioni hiyo runinga ilipowashwa, Papa alikuwa getini. Nikaanza kumtazama kwa jicho jingine. Kichekesho cha mara moja ni kama hindi la kuchoma: ukishalitafuna umebaki na gunzi. Kisa cha mchezo wa kila wiki hakina budi kuwa kama shamba la muhogo kule kwetu mpakani. Unachimbua mzizi wa leo, unafukia udongo, shina linabaki limesimama kwa ajili ya kesho. Bukeko alipanda muhogo.

Angalia jinsi uongo ule ulivyochaguliwa. Si uongo wa kuiba wala wa kumtoroka mke. Ni uongo wa mtu anayefanya kazi halali na kuionea haya. Mtazamaji hawezi kumchukia, kwa kuwa anajua Papa akikiri ukweli hatafungwa wala hatafukuzwa, ataaibika tu. Lakini aibu hiyo ndiyo kubwa kuliko zote, kwa hiyo kila siku ana sababu mpya ya kuuendeleza uongo. Halafu uongo wenyewe unadai kulishwa. Bosi hana budi kuwa na mshahara wa bosi, na mke wa bosi ana mahitaji ya mke wa bosi. Wageni wakitoka kijijini wataomba kazi kwa mtu mwenye ofisi yake. Harambee ikiitishwa, jina lake litasomwa kwanza. Mwandishi aliyejipa kiini cha namna hiyo hahitaji kukaa akikuna kichwa kutafuta visa. Anauliza tu: leo uongo huu unadaiwa nini?

Na aliyeweka siri hiyo mikononi mwa watazamaji tangu mwanzo alijua alichokuwa akifanya. Sisi tunajua suti iko wapi. Mke hajui. Basi kila neno analolisema mke kumsifu mumewe linatufikia likiwa na maana mbili, na kicheko kinatoka kabla Papa hajafungua kinywa. Vichekesho vibaya humtaka mchekeshaji afanye kazi yote. Vizuri humpa mtazamaji kazi ya kufanya, akacheka kwa kuwa ameifanya mwenyewe.

Wamarekani walikuwa na mtu wao wa aina hii, Jackie Gleason, mnene vilevile, aliyemwigiza dereva wa basi mwenye ndoto za utajiri na mke asiyedanganyika katika The Honeymooners. Ule msimu wake mashuhuri wa 1955 na 1956 una sehemu 39. Kule Uingereza, John Cleese na Connie Booth walimfungia mwenye hoteli muongo ndani ya Fawlty Towers kwa sehemu 12 tu, sita mwaka 1975 na sita mwaka 1979, wakafunga duka. Sisemi wingi ni ubora. Kuna jioni Papa Shirandula ilikuwa imechoka, na nitafika huko. Ila mtu aliyeamua kuubeba uongo mmoja kwa miaka 13 ameingia katika biashara tofauti na ya waliofunga duka mapema, na heshima yake ipimwe kwa mizani ya biashara hiyo.

Geti nalo lina hekima yake. Mchezo wa runinga wa bajeti ya kwetu hauwezi kukimbizana na magari barabarani wala kujenga nyumba kumi. Unatafuta mahali pamoja ambapo watu wa kila aina wana sababu ya kupita. Watangulizi wa KBC, runinga ya serikali, walilijua hilo: Vioja Mahakamani ilikaa mahakamani, kwa sababu mbele ya hakimu atafika mwizi wa kuku, mume aliyetelekeza na mpika chang'aa, kila mmoja kwa miguu yake, au kwa miguu ya polisi. Geti la ofisi ni mahakama nyingine. Anapita bosi, mwenye deni na anayemdai, mama muuza chakula, kijana mwenye bahasha ya vyeti. Anayeketi hapo kwa kiti cha plastiki na rungu ndiye mtu mdogo kuliko wote, lakini hakuna anayepita bila yeye. Ana mamlaka ya dakika moja, ya kukuuliza unakwenda kwa nani, na anaitumia dakika hiyo yote. Huko mitaani Nairobi wanamwita soja. Jina la jeshi zima kwa mtu mwenye filimbi!

Bukeko aliijua dakika hiyo. Ukimtazama akiwa ndani ya sare, mwili wake ulikuwa na ukuu kuliko alipokuwa ndani ya suti. Tumbo lilitangulia, mkanda ukawa juu kuliko unavyopaswa, macho yakafunguka kama ya mtu aliyeitwa jina lake kwa ghafla. Ndani ya suti alikuwa mnyonge kidogo, mabega yakijihami, kwa sababu suti ndiyo iliyokuwa vazi la uongo. Sijui kama watazamaji wengi waliliona hilo kwa akili. Kwa macho waliliona, na ndiyo maana walicheka. Mwigizaji asiye na uzoefu angefanya kinyume: angejikweza kwenye suti na kujikunyata kwenye sare, kwa kuwa ndivyo hadithi inavyosema. Bukeko alicheza kile ambacho mwili unajua.

Alikuwa mtu wa jukwaani kabla ya kuwa mtu wa runinga, na jukwaa humfundisha mtu kuzungumza na aliye safu ya mwisho, pale ambapo uso hauonekani na bega ndilo linalosema. Ushahidi mzuri zaidi wa hilo hauko hata kwenye Papa Shirandula. Uko kwenye lile tangazo la Coca-Cola lililozunguka nchi nyingi za Afrika, ambamo anakunywa soda baridi na baridi inamshuka mwilini: brrr! Mtu ambaye nyumbani alisifika kwa lafudhi alijulikana bara zima bila kuhitaji lugha. Mashavu yanatetemeka, mabega yanafuata, sauti moja inatoka. Mtoto wa Accra alielewa sawasawa na mtoto wa Funyula.

Funyula ndiko kwao. Kijiji kinaitwa Namisi, katika kaunti ya Busia, upande wa vilima vya Samia ambako zamani wahunzi walichimba mawe ya chuma, wakayayeyusha na kufua majembe yaliyouzwa mbali. Ukisimama vilimani Ziwa Viktoria liko kusini, na magharibi, ng'ambo ya mto Sio, ni Uganda, na watu wa ng'ambo hiyo ni Wasamia vilevile. Hadi mwaka 1902 mstari huo wa mpaka haukuwapo. Eneo hili lote lilihesabiwa kuwa mkoa wa mashariki wa Uganda, mpaka Waingereza walipoamua kulihamishia upande wa pili wa vitabu vyao. Mtu hakuhama, nchi ndiyo iliyohama. Na hata ng'ambo huko vitabu havikutulia: wilaya ya Busia ya Uganda ilikuwa sehemu ya Tororo hadi 1997, na wazee wengi pale wakiulizwa kwao ni wapi bado watakutajia Tororo, mji wenye lile jabali linaloonekana kutoka mbali kama ng'ombe aliyelala.

Ninapasema hapa kwa kirefu kwa sababu naamini uongo wa Papa Shirandula una asili, na asili yake iko kwenye barabara hii. Kwa vizazi vingi wanaume wa pande zote mbili wameondoka kwenda kutafuta kazi: Nairobi, Kampala, viwanda vya Jinja, kiwanda cha saruji cha Tororo. Waliobaki nyumbani hawakuwahi kuiona kazi yenyewe. Waliona viatu. Desemba ilipofika mtu alishuka kwenye basi na viatu vyake, shati lake na sukari yake, na kijiji kikajaza pengo kwa kukisia. Aliyepika jikoni kwa Mhindi akawa "anafanya hotelini." Aliyefagia kiwandani akawa "yuko kiwandani," na hakuna aliyeuliza anashika nini humo. Hakuwa amesema uongo, alikuwa amenyamaza tu, na ukimya wake ukapandishwa cheo. Bukeko alichukua ukimya huo wa babu zetu akaupa geti, mke na kamera.

Na neno bodaboda limezaliwa hapa hapa. Wenye baiskeli wa Busia walikuwa wakiwabeba watu na mizigo kwenye kile kipande kisicho cha nchi yoyote, kutoka kizuizi cha Kenya hadi kizuizi cha Uganda, wakiita wateja kwa kutaja safari yenyewe, mpaka kwa mpaka, kwa Kiingereza cha barabarani: boda, boda! Siku hizi Afrika Mashariki nzima inalitumia neno hilo na wengi hawajui lilitoka wapi. Tangu Februari 2018, marais wa nchi mbili walipozindua kituo cha pamoja cha forodha, msafiri anagongewa pasi katika jengo moja. Lakini watu wa hapa wangali wanavuka kama walivyovuka siku zote, wakibadilisha vitu njiani: noti mfukoni, laini ya simu, salamu. Mama muuza dagaa atamsalimia wa kwanza kwa Kisamia, wa pili kwa Kiteso, wa tatu kwa Kiganda, na kwa dereva wa lori ataingia Kiswahili bila hata kumeza mate. Hakuna anayemwona mnafiki. Ukikulia mahali penye desturi hiyo, au hata ukienda tu likizo kwa bibi, unajua tangu utotoni kwamba mtu ni zaidi ya vazi moja.

Familia ya Awori wa Funyula ni mfano unaopendwa vijiweni. Moody Awori alikuwa mbunge wa Funyula, na mwaka 2003 akawa Makamu wa Rais wa Kenya. Ndugu yake Aggrey alikuwa mbunge wa Samia-Bugwe ng'ambo ya pili, akagombea urais wa Uganda mwaka 2001 dhidi ya Museveni, na baadaye akawa waziri. Baba mmoja, mataifa mawili. Kinachonifurahisha zaidi ni kwamba Aggrey huyo huyo ndiye aliyekuwa mkurugenzi wa televisheni ya Uganda kuelekea mwisho wa miaka ya 1960. Vilima vile vidogo vimetoa watu wa runinga kwa pande zote mbili, na hakuna aliyeniambia ni kwa nini.

Bukeko alizaliwa mwaka 1962, mwaka ule ule televisheni ilipoanza kurusha matangazo Kenya. Alipokuwa kijana, runinga ilikuwa moja, ya serikali, na vichekesho vya Kiswahili vilikuwa na mfalme wake, Mzee Ojwang' wa Vitimbi, na malkia, Mama Kayai. Mtu yeyote aliyeandika vichekesho Kenya baada yao alikuwa akijenga kwenye kiwanja chao: mume mwenye maneno mengi, mke mwenye akili zaidi, na Kiswahili kilichopindwa na lugha ya mama. Lakini kuna jambo ambalo wageni huwa hawalitarajii. Ojwang', Mjaluo wa runinga aliyependwa kuliko Wajaluo wengi wa kweli, aliigizwa na Benson Wanjau, ambaye hakuwa Mjaluo hata kidogo, alikuwa Mkikuyu. Ndani ya Papa Shirandula yenyewe, Otoyo mwenye Kijaluo kizito aliigizwa na Kazungu Matano, na jina hilo linakuambia pwani kabla hujauliza. Kuvaa lafudhi ya jirani ni sanaa ya zamani ya Wakenya, na ina sheria ambazo hazijaandikwa popote. Kubwa kati yake ni kwamba aigizwaye lazima acheke kwanza.

Bukeko yeye alivaa ya nyumbani, ingawa si ya kijijini kwake hasa. Jina Shirandula lina "shi" ya Mumias na Kakamega. Msamia angesema "si". Aliyejengwa pale si Msamia wa Namisi. Ni Mluhya wa Nairobi, yule ambaye mji umemkusanya kutoka kaunti zote za magharibi ukamfanya mmoja, mwenye b inayogeuka p na g inayogeuka k, mpenda ugali na chai. Papa maana yake ni baba. Na hapa ndipo wakosoaji walipomkamata, tena kwa haki. Mluhya bawabu, Mluhya mpishi, Mluhya mla kuku: ni mzaha uliochakaa, na waliouanzisha hawakuwa Waluhya. Kuna jioni ambazo mchezo uliegemea lafudhi kama mlevi anavyoegemea ukuta. Neno linatamkwa vibaya, linarudiwa, linarudiwa tena, na mwandishi ameshakwenda kulala. Siwezi kulitetea hilo. Ninachoweza kusema ni kwamba katika zile jioni nzuri, lafudhi haikuwa kichekesho. Ilikuwa sauti ya mtu fulani aliye katika shida fulani, na shida ndiyo iliyotuchekesha.

Tena kumbuka ilianza mwaka gani. Mwisho wa 2007 nchi ilipiga kura, na ndani ya siku chache lafudhi ikawa jambo la kufa na kupona. Kwenye vizuizi vya barabarani watu waliulizwa majina, wakatazamwa jinsi wanavyotamka. Zaidi ya watu 1,100 waliuawa. Malori ya Uganda yalikwama, petroli ikapungua hata Kampala, na familia zilivuka Busia na Malaba na magodoro kichwani zikitafuta pa kulala upande wa Tororo. Baada ya hayo, kuketi mbele ya runinga na kumwona Mluhya, Mjaluo, Mkikuyu na Mkamba wakigombana kuhusu deni la mia mbili, kila mmoja kwa Kiswahili cha kwao, na mwisho wa yote hakuna aliyeumia isipokuwa heshima ya Papa, hilo halikuwa jambo dogo. Sidai kwamba vichekesho vilituponya. Nadai kwamba vilitukumbusha sauti hizo zinavyosikika zikiwa hazina panga.

Jambo jingine linalomtofautisha fundi ni anavyowagawia wenzake. Nyota aliyebuni mchezo, ukaitwa kwa jina lake, ana kishawishi cha kuweka kila mzaha mzuri mdomoni mwake. Lakini uongo wa Papa haukuwa na thamani yoyote kama mke hangekuwa mtu wa kuogopwa. Wilbroda, aliyeigizwa na Jacky Nyaminde, hakuandikwa kama mke mjinga asiyeona. Aliandikwa kama mwanamke mwenye sauti, mwenye majivuno na mwenye macho, ambaye haoni jambo hili moja kwa sababu amelipenda mno. Hapo pana ugumu. Akiwa mjinga, mume ni tapeli tu. Akiwa mwerevu mno, mchezo umekwisha wiki ya pili. Nyaminde alitembea juu ya kamba hiyo kwa miaka, na katika sehemu nyingi yeye ndiye aliyeondoka na kicheko kikubwa, naye Papa akibaki pembeni amekodoa macho, akifanya kazi ngumu na isiyosifiwa ya kusikiliza. Tazama tena, kama utabahatika kupata marudio, jinsi Bukeko anavyosikiliza.

Na orodha ya waliopikwa katika chungu hicho ni ndefu. Jacky Vike alitoka humo akiwa Awinja, na hadi leo wengi hawalijui jina lake jingine. Ken Gichoya alitoka akiwa Njoro, Daisy Odeko akiwa Naliaka. Felix Odiwuor aliingia akatoka akiwa Jalang'o. Alilichukua jina hilo hadi redioni, na mwaka 2022 likamfikisha bungeni akiwa mbunge wa Lang'ata. Mtu anaweza kupima karakana kwa samani iliyouza. Mimi napenda kuipima kwa wanafunzi walioondoka na jina na wakaweza kula kwa jina hilo.

Mchezo wa runinga haupikwi na mtu mmoja, lazima niliseme hilo. Kuna waandishi, waongozaji, wapiga picha, na yule kijana anayeshika kipaza sauti juu ya fimbo mpaka mikono inakufa ganzi. Na kulikuwa na kituo kilichokubali, wakati saa za jioni zilikuwa za soap za Meksiko zenye machozi ya kutafsiriwa, kwamba Mkenya angependa kumwona bawabu wake mwenyewe. Kina Inspekta Mwala na Tahidi High walipata mlango huo huo. Lakini katika yote hayo kuna mtu aliyeleta mbegu, na mbegu ile ilikuwa ya Bukeko.

Kuhusu uchovu niliouahidi: uongo wa miaka 13 unachoka hata ukiwa muhogo. Kuna wakati nyuzi za pembeni zilizidi, wahusika wapya waliingia na kutoka kama abiria wa Eldoret, na geti likasahaulika kwa wiki kadhaa. Ukitazama kwa moyo wa fundi unaona pale mshono ulipoachia. Unaona pia jinsi walivyorudi kila mara kwenye suti na sare, kama mtu aliyepotea njia anavyorudi hadi kwenye mti anaoufahamu, na mchezo ukapata pumzi tena. Jengo lenye msingi linaweza kuvuja paa na bado likakaliwa.

Mwaka 2012 Bukeko aliigiza pia katika filamu ya Bob Nyanja, The Captain of Nakara. Filamu hiyo ilichukua kisa cha zamani cha Wajerumani, cha mtu wa chini aliyevaa sare ya afisa wa jeshi na ghafla kila mtu akamtii. Nilipoiona nilicheka peke yangu sinema nzima ikiwa kimya. Hata Wajerumani!

Alizikwa Namisi tarehe 20 Julai 2020, siku mbili baada ya kufa. Kwa watu wa magharibi, ambao matanga yao huchukua wiki, moto ukiwaka usiku kucha na isukuti ikilia, siku mbili ni kama kumtupa mtu. Lakini ulikuwa mwaka wa korona. Waliolishika jeneza walikuwa wamevaa mavazi meupe ya kinga kutoka kichwani hadi vidoleni, na kwa kanuni za wakati ule waombolezaji walihesabiwa. Uganda ilikuwa imefunga mpaka kwa wasafiri tangu Machi; malori pekee ndiyo yaliyopita, na madereva wake walisubiri majibu ya vipimo kwenye foleni zilizoenda kilomita nyingi nje ya Busia na Malaba. Wasamia wa ng'ambo, waliozoea kuvuka Sio kwenda msibani kama mtu anavyovuka ua, wengi walifuatilia kwa redio na simu.

Mwaka jana nilikuwa Busia jioni, nje ya duka moja la vifaa vya ujenzi, nikimsubiri mtu aliyechelewa. Bodaboda ilisimama mbele ya geti. Akashuka mzee wa makamo ndani ya koti la suti la rangi ya kahawa, shati limepigwa pasi, viatu vinang'aa kwa namna ambayo vumbi la Busia haliruhusu isipokuwa umevifuta njiani. Akamlipa kijana, akasubiri pikipiki ipotee kabisa kwenye kona. Kisha akafungua kibanda kilicho kando ya geti, akaanza kulivua lile koti, akilikunja upande wa ndani nje, taratibu, kama mtu anayemlaza mtoto. Mkono mmoja ulipotoka kwenye koti aliinua macho akaniona.

Niligeuka nikayatazama malori.